Dkt. Goldberger na ugonjwa uliotoka jikoni

Mwaka 1906, hospitali ya wagonjwa wa akili ya Mount Vernon, Alabama, iliyotengwa kwa ajili ya Wamarekani weusi, ilivamiwa na ugonjwa ambao madaktari wengi wa nchi ile walikuwa wakiusoma vitabuni tu, tena kama ugonjwa wa Ulaya. Wagonjwa 88 waliupata, 57 wakafa. Ulianzia kwenye ngozi. Mikono, miguu na shingo viliiva kama vilivyounguzwa na jua, vikababuka na kuacha magamba meusi, na alama ya shingoni ikazunguka kama mkufu. Kinywa kikajaa vidonda, tumbo likaharisha bila kukoma, halafu akili ikavurugika. Ulikuwa pelagra. Tangu hapo hadi 1940 inakadiriwa uliwapata Wamarekani zaidi ya milioni 3 na kuua kama 100,000, wengi mno wakiwa wa majimbo ya Kusini.

Daktari aliyetumwa kuupeleleza, Joseph Goldberger, alipata jibu ndani ya miezi michache. Miaka iliyobaki ya uhai wake, karibu 15, aliitumia kulithibitisha jibu hilohilo kwa kila njia aliyoweza kuibuni, na alipofariki watu walikuwa bado wanaugua. Visa vingi vya utabibu tunavyosimuliana ni vya watu waliokuwa gizani hadi mjuzi mmoja akawasha taa. Hapa taa iliwashwa mapema sana, na waliokuwa chumbani wakafumba macho, kwa sababu kilichoonekana kilikuwa na gharama.

Goldberger alizaliwa 1874 katika kijiji cha Giraltovce, wakati huo sehemu ya dola ya Austria-Hungaria na leo nchini Slovakia, kwenye familia ya Kiyahudi iliyoishi kwa kufuga kondoo. Alikuwa na miaka 9 hivi wazazi wake walipohamia New York. Baba akafungua duka la vyakula Lower East Side, mtaa wa wahamiaji uliofurika watu, na Joseph akawa anapelekea wateja mizigo yao. Sitaki kulikuza jambo hili kupita kiasi, lakini mtoto aliyekulia nyuma ya kaunta ya duka anajua mapema kwamba kinachoingia kwenye kapu la mteja hutegemea kilichomo mfukoni mwake, na utafiti wake mkubwa wa baadaye ulikuja kuwa, kwa kweli, utafiti wa manunuzi ya dukani.

Alianza kusomea uhandisi. Rafiki akamchukua siku moja kwenda kusikiliza mhadhara wa udaktari katika chuo cha hospitali ya Bellevue, na uhandisi ukaishia hapo. Alihitimu udaktari 1895. Akafungua zahanati yake Wilkes-Barre, Pennsylvania, ikamchosha upesi. Mwaka 1899 akajiunga na idara ya serikali ambayo baadaye iliitwa Huduma ya Afya ya Umma, na huko ndiko alikoiva. Alikagua wahamiaji pale Ellis Island. Alifuatilia homa ya manjano akaugua homa ya manjano. Alifuatilia dengi akaipata. Alikwenda Mexico City kuchunguza homa ya tifasi, ikamkamata na nusura imuue. Philadelphia, mwaka 1909, watu walipokuwa wakiwashwa na upele usioeleweka, alitia mkono wake katikati ya magodoro ya majani makavu yaliyoshukiwa, akauacha humo, na baadaye akamwonyesha mwenye kosa: utitiri mdogo uliokuwa ukiishi ndani ya majani hayo. Hiyo ndiyo ilikuwa namna yake ya kufanya kazi, na ni vizuri kuikumbuka tutakapofika kwenye mambo ya 1916.

Mwanzoni mwa 1914 Mganga Mkuu wa Serikali, Rupert Blue, alimkabidhi pelagra. Wakati huo maoni yaliyokuwa na nguvu yalisema ni maradhi ya kuambukiza. Tume ya Thompson-McFadden, iliyofanya kazi yake Spartanburg, South Carolina, ilikuwa imeona kwamba pelagra inafuatana na vyoo vibovu na nyumba zilizobanana, ikaelekeza kidole kwa kijidudu ambacho hakijapatikana. Wengine walimlaumu inzi mdogo wa mitoni. Wengine, kwa kufuata madaktari wa Italia, walisema ni sumu ya mahindi yaliyooga ukungu. Na baadaye Charles Davenport, kinara wa nadharia za ubora wa vizazi, akaleta hoja kwamba watu fulani wamezaliwa na udhaifu huo katika damu.

Goldberger hakuanza na darubini. Alizunguka hospitali za wagonjwa wa akili, magereza na nyumba za yatima akiangalia nani anaugua na nani haugui. Alichokiona kinaweza kuandikwa kwenye kipande cha karatasi: wagonjwa wanapata pelagra, wauguzi hawapati. Wauguzi hao walilala katika majengo yaleyale, wakawaosha wagonjwa, wakabadilisha mashuka yaliyochafuka, mwaka baada ya mwaka, na hakuna aliyeugua. Kijidudu gani kinachagua kwa cheo? Wakuu wa taasisi walimjibu kwamba chakula ni kimoja kwa wote. Yeye akataka kuona chakula chenyewe. Akakuta ni kimoja kweli kwa kuandikwa, lakini wauguzi ndio waliochota kwanza, wakachukua kilicho bora, na walikuwa na njia ya kujiongezea kutoka nje. Mgonjwa alipewa kilichobaki. Ripoti yake ya kwanza, ya Juni 1914, ilisema wazi: tatizo liko kwenye chakula, na watu wapunguziwe nafaka na kuongezewa nyama, mayai, maziwa na jamii ya kunde.

Nyumba za yatima za mjini Jackson, Mississippi, ndizo zilizompa picha safi kuliko zote. Katika nyumba ya Wamethodisti waliokuwa wakiugua zaidi ni watoto wa kuanzia miaka 6 hadi 12. Wadogo zaidi hawakuugua, wakubwa zaidi hawakuugua. Ukiingia jikoni unaelewa. Maziwa yalikuwa machache, kwa hiyo yalipewa watoto wadogo, maana hao ni wa maziwa. Nyama ilikuwa chache, ikapewa wakubwa, maana hao ndio wafanya kazi. Mtoto wa miaka 8 hakuwa mchanga na hakuwa kibarua. Yeye alikula mkate wa mahindi, uji wa mahindi na molasi. Hakuna mtu mbaya katika hesabu hiyo. Mlezi yeyote mwenye sufuria ndogo angegawa hivyohivyo.

Fedha za serikali kuu zikanunua maziwa, mayai, maharage na nyama kwa ajili ya nyumba hizo, vyoo vikaachwa vilivyo, usafi ukaachwa ulivyo, na watoto hawakutenganishwa. Msimu uliofuata pelagra ilikuwa karibu imetoweka. Ruzuku ilipokatika na jiko likarudia chakula cha zamani, ugonjwa ukarudi nao. Mimi ningeridhika hapo. Wapinzani hawakuridhika, na kitaalamu walikuwa na haki ya kusema kwamba kuponya kwa chakula si kuthibitisha kwamba chakula ndicho kilichokosekana.

Basi akaenda upande wa pili: kuuleta ugonjwa kwa watu wazima wa afya, kwa chakula peke yake. Gavana wa Mississippi, Earl Brewer, alikubali wafungwa 12 wa shamba la gereza la Rankin, karibu na Jackson, wajitolee kwa ahadi ya msamaha. Wote walikuwa wanaume weupe, kundi ambalo halikutarajiwa kuugua pelagra. Makubaliano yaliwekwa kwa maandishi. Kuanzia Aprili hadi mwisho wa Oktoba 1915 walikula biskuti za ngano, mkate wa mahindi, uji mzito wa mahindi yaliyokobolewa, wali, viazi vitamu, mchuzi wa mafuta ya nguruwe, kabichi kidogo na kahawa yenye sukari. Walikula hadi wakashiba. Mwanzoni walijiona wamebahatika. Nyama hakuna, maziwa hakuna, mayai hakuna, maharage hakuna.

Kufikia Septemba walikuwa wamedhoofika, vichwa vinauma, matumbo hayatulii, na vipele vikaanza kujitokeza. Mmoja alikuwa ameondolewa katikati kwa maradhi mengine. Kati ya 11 waliobaki, 6 walipata pelagra. Wafungwa wa kambi hiyohiyo waliokula chakula cha kawaida cha gereza hawakuipata. Goldberger, akijua atakachoambiwa, alileta wataalamu wa ngozi kutoka Memphis na St. Louis wathibitishe kwa macho yao. Bado Ward MacNeal, mmoja wa watafiti wa tume ile ya Spartanburg, aliandika kwamba upele ule si pelagra hata kidogo.

Jaribio hili lisingepita leo, na nadhani ni sawa lisipite. Mtu aliyefungwa maisha ukimwambia achague kati ya gereza na kula vibaya kwa miezi 6, umeshamchagulia. Kwa upande wa pili, ahadi ilitimizwa, watu walitoka, na mtafiti hakuficha alichokuwa akikitafuta, jambo ambalo haliwezi kusemwa juu ya majaribio mengine yaliyofanywa Kusini na idara hiyohiyo miaka iliyofuata. Namwona Goldberger kama mtu aliyevuka mpaka huku akiuona. Pengine ndiyo sababu jaribio lililofuata alilifanya kwa mwili wake mwenyewe.

Mwaka 1916 alikusanya watu 16, yeye na mkewe Mary wakiwemo, wengine wakiwa madaktari wenzake. Kwanza yeye na msaidizi wake, George Wheeler, walidungwa damu ya mgonjwa wa pelagra. Makamasi na mate ya wagonjwa yakapakwa ndani ya pua na koo zao. Kisha wakameza vidonge walivyovitengeneza wenyewe kwa magamba ya ngozi ya wagonjwa, mkojo na kinyesi, vikafinyangwa kwa unga wa ngano. Walikunywa kwanza magadi ya kupikia ili kuzima asidi ya tumbo, ili kijidudu, kama kipo, kisipate kisingizio. Mary, binti wa familia ya hadhi ya New Orleans aliyeolewa na Goldberger mwaka 1906, alitaka naye ameze. Wanaume wakamkatalia, akadungwa damu ya mwanamke aliyekuwa akifa kwa pelagra. Jaribio lilirudiwa katika miji mbalimbali. Baadhi yao waliharisha na kupata kichefuchefu, na nani asingepata? Pelagra haikumshika hata mmoja.

Watu hupenda kuishia hapa, kwenye vidonge vya kinyesi, kwa kuwa kinasisimua. Kwangu kiini cha kisa kinaanza sasa.

Mwaka huohuo Goldberger na Wheeler walishirikiana na mwanauchumi aitwaye Edgar Sydenstricker kuchunguza vijiji saba vya viwanda vya pamba katika South Carolina. Walikwenda nyumba kwa nyumba wakihesabu wagonjwa, mapato ya kaya, na kila chakula kilichonunuliwa kwa kipindi cha siku 15. Matokeo yalipangika kama ngazi: kadiri pato lilivyopanda, pelagra ilishuka. Hali ya vyoo, ambayo tume ilikuwa imeitilia mkazo, haikueleza kitu pato lilipozingatiwa.

Pato nalo halikuwa jibu lote. Kijiji cha Newry hakikuwa na pelagra, na Inman Mills kilikuwa nayo tele, ilhali mishahara haikutofautiana sana. Jirani na Newry wakulima walizalisha vyakula vya aina nyingi na kuviuza kijijini. Nyama mbichi ilipatikana. Inman Mills kulizungukwa na pamba. Mfanyakazi wa Inman hata akiwa na senti zake alinunua kilichokuwepo, na kilichokuwepo ni unga wa mahindi, mafuta ya mgongo wa nguruwe na molasi. Vitu hivyo vitatu ndivyo vilivyolisha maskini wa Kusini tangu baridi hadi masika, na pelagra ilichanua kila masika kwa sababu hiyo. Ndani ya nyumba moja pia kulikuwa na ngazi: wanawake wa umri wa kuzaa waliugua kuliko waume zao. Mama alikuwa akimwekea kipande kizuri anayekwenda kazini, kinachofuata watoto, yeye akamalizia kwa mkate wa mahindi.

Mashambani ilikuwa vilevile au mbaya zaidi. Familia zililima shamba la mtu na kugawana naye mavuno. Mwenye shamba alitaka pamba hadi mlangoni, bustani ya mboga ilikuwa ardhi iliyopotea bure, na chakula kilikopwa kwenye duka kwa riba hadi mavuno. Msimu ukiharibika deni linahamia mwaka ujao. Katika hali hiyo, ukimwambia mkulima ale nyama na anywe maziwa umemwambia kitu gani? Goldberger na Sydenstricker waliliona hilo na waliliandika bila kuzunguka: mzizi wa pelagra ni uchumi wa zao moja. Jambo la kuchekesha kidogo ni kwamba wanahistoria wa uchumi wa siku hizi wamekuta kwamba mdudu wa vitumba vya pamba, aliyekuwa balaa kwa wenye mashamba, alipunguza vifo vya pelagra kila alipopita, kwa kuwa watu walilazimika kupanda chakula.

Mwaka 1920 bei ya pamba iliporomoka. Goldberger akakokotoa kwamba pelagra itaongezeka, onyo likafika kwa Rais Harding, na Julai 1921 rais akaomba hadharani Kusini isaidiwe dhidi ya njaa na maradhi. Kelele zilizotoka Kusini hazikuwa za shukrani. Wanasiasa na magazeti walisema jina lao limechafuliwa, wawekezaji watakimbia, hakuna njaa kwao. James Byrnes, mbunge wa South Carolina, alikuwa mstari wa mbele kukanusha. Kukubali kwamba pelagra ni ugonjwa wa kijidudu kungewaletea maabara na mabwana afya. Kukubali kwamba ni ugonjwa wa sahani kungewauliza mshahara ni kiasi gani, ardhi ni ya nani, na duka la kampuni linauza kwa bei gani. Goldberger mwenyewe alikuwa Mzaliwa wa Ulaya, Myahudi, mtu wa New York na mtumishi wa serikali kuu. Hakuna sifa moja kati ya hizo iliyomsaidia Mississippi.

Aliposhindwa kubadilisha mishahara alitafuta kitu cha bei nafuu. Katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya Milledgeville, Georgia, yeye na W. F. Tanner walimpa mgonjwa mmoja triptofani, kiini kimojawapo cha protini, na ngozi ikapona kwa namna iliyowashangaza. Walikuwa wameshika mkia wa jibu la kikemia bila kujua, kwani mwili hutengeneza niasini, kirutubisho ambacho kukosekana kwake ndiko huleta pelagra, kutokana na triptofani. Gharama ilikuwa kubwa mno kwa matumizi ya kawaida, wakaliacha. Hamira iliingia kwa bahati: mbwa wa maabara waliolishwa chakula cha kuwaletea ugonjwa wa ulimi mweusi, ambao ni pelagra ya mbwa, walikikataa, wakatiliwa hamira ya bia ili wakipende. Wakakipenda, na hawakuugua. Mto Mississippi ulipofurika mwaka 1927 na kusomba mashamba, Goldberger na Sydenstricker walikwenda kuangalia, na Msalaba Mwekundu ukagawa hamira kwa wingi. Hiyo iliokoa watu. Haikugusa pamba wala madeni, na ndiyo maana ilikubalika kwa urahisi.

Goldberger alifariki Washington tarehe 17 Januari 1929 kwa saratani ya figo, akiwa na miaka 54. Majivu yake yalimwagwa kwenye mto Potomac. Miaka 8 baadaye, 1937, Conrad Elvehjem wa Chuo Kikuu cha Wisconsin alionyesha kwamba niasini, mojawapo ya vitamini B, huponya ulimi mweusi wa mbwa, na muda si mrefu ikatumika kwa binadamu. Mahindi yanayo niasini, ila imefungamana kwa namna ambayo matumbo hayawezi kuinyonya, na triptofani yake ni kidogo. Watu wa Mexico huchemsha mahindi kwa maji ya chokaa kabla ya kuyasaga, chokaa huifungua. Mahindi yalisafiri dunia nzima bila maelekezo hayo ya jikoni. (Mla ugali asishtuke: maharage, dagaa, karanga au maziwa ya pembeni vinatosha kufanya kazi hiyo. Hatari iko pale ugali unapobaki peke yake.)

Mwaka 1942 jimbo la kwanza Marekani kutunga sheria ya kuongeza vitamini kwenye unga wa ngano na mkate lilikuwa South Carolina, lilelile la Byrnes. Kufikia mwisho wa muongo huo pelagra ilikuwa nadra, ingawa vita vilivyoleta ajira na mishahara, na watu waliohamia Kaskazini, vina sehemu yao katika mafanikio hayo ambayo mara nyingi hupewa unga peke yake.

Nje ya Marekani ugonjwa haukwisha. Mwaka 1990 Malawi ilikuwa na wakimbizi wengi wa Msumbiji waliotegemea mgao, na mgao huo ulikuwa hasa mahindi. Karanga, ambazo ndizo zilizokuwa zikiwapa niasini, zilikatika. Kati ya Februari na Oktoba waliandikishwa wagonjwa wa pelagra zaidi ya 18,000, na waliougua zaidi walikuwa wanawake.